Usimfungie deplase choo kwa sababu ya mpira uliochoka

Katika mji wetu wa Goma kuna sentensi moja ambayo sasa imekuwa kama sheria: "Maji yanaisha kwa sababu ya deplase." Inasemwa na mwenye parseli aliyepokea familia mbili. Inasemwa na mlinzi wa kanisa ambamo watu wanalala. Inasemwa hata na mpangaji wa zamani ambaye jana yake mwenyewe alikuwa deplase. Na nyuma ya sentensi hiyo inakuja kufuli. Choo kinafungwa, ufunguo unaingia mfukoni mwa mtu mmoja, na familia zinaambiwa zije asubuhi na jioni tu, ama zilipe kila mara, ama zitafute kwingine.

Kwingine ni wapi? Ni juu ya mawe ya volkano nyuma ya ukuta. Ni kando ya ziwa. Ni kiwanja kisichojengwa, usiku, mama na binti yake wakimulika kwa simu. Tunajua yanayowapata wanawake katika giza la mji huu. Tunajua pia kolera inatoka wapi. Mwaka 1994 Goma ilizika watu kwa maelfu na maelfu kwa sababu ya maji machafu na kukosa vyoo. Si historia ya mbali. Wazazi wetu waliiona kwa macho.

Kwa hiyo naandika kupinga sentensi hiyo, na naandika kupinga kufuli. Sisemi kwamba watu wengi hawatumii maji mengi. Nasema kwamba katika parseli nyingi hakuna aliyefungua kifuniko cha tangi la choo kutazama ndani kabla ya kumtafuta mwenye makosa. Na ndani ya tangi hilo, chini kabisa, kuna kipande cha mpira ambacho kikichoka kinamwaga maji mchana na usiku, watu wakiwepo ama wasiwepo.

Tuelewane kwanza juu ya choo ninachosema. Katika kambi vyoo ni vya shimo, havina tangi wala bomba. Sisemi juu ya hivyo. Nasema juu ya vyoo vya maji vilivyo katika parseli za Himbi, Katindo, Ndosho na kwingineko, katika vituo vya afya, shule na makanisa, mahali ambapo familia nyingi zimepata hifadhi. Huko ndiko kufuli zinatundikwa.

Mafundi wengi wanakiita kipande hicho klape. Wengine wanasema tu mpira wa chini. Kazi yake ni moja: kuziba tundu la chini ya tangi mpaka mtu avute maji. Unavuta, klape inanyanyuka, maji yanashuka, kisha klape inarudi kukaa juu ya tundu na tangi linajaa tena. Mpira ukikakamaa, ukipinda ama ukila uchafu, hauzibi vizuri. Maji yanapita kidogo kidogo bila kelele. Boya likiona maji yameshuka linafungua robine, tangi linajaa, maji yanapita tena. Mchezo huo hauna usiku.

Tufanye hesabu ambayo kila mtu anaweza kuifanya nyumbani. Funga robine ndogo inayoingiza maji kwenye tangi. Chora alama ya kalamu ya risasi ndani ya tangi, mahali maji yalipofika. Ngoja nusu saa bila mtu kuvuta. Kama tangi ni la lita 6 na maji yameshuka nusu, umepoteza lita 3 kwa nusu saa. Ni lita 6 kwa saa, lita 144 kwa siku. Ni bidoni 7 za lita 20, na maji yanabaki. Hakuna mtu aliyeingia chooni. Hakuna deplase aliyegusa kitu.

Kitabu cha Sphere, ambacho mashirika ya misaada yanakifuata duniani, kinaweka lita 15 kwa mtu kwa siku kuwa kiasi cha chini cha kunywa, kupika na kuoga katika wakati wa dharura. Gawanya 144 kwa 15. Mpira mmoja uliochoka unakunywa maji ya watu 9. Papa mwenye parseli, kabla ya kuhesabu watu waliolala sebuleni, hesabu kwanza hao watu 9 wasioonekana ndani ya tangi lako.

Utaniambia robine za Goma hazitoki saa 24. Ni kweli. Regideso inavuta maji kutoka ziwani na kuyapandisha, na umeme ukikatika maji yanakatika. Mlipuko wa Nyiragongo wa tarehe 22 Mei 2021 ulitukumbusha jinsi tangi moja na mabomba machache yakiharibika, mitaa mizima inabaki na bidoni kichwani. Lakini ndiyo sababu mpira huo ni hatari zaidi hapa kwetu. Katika parseli nyingi maji yanakuja usiku, wakati watu wamelala, na hapo ndipo klape mbovu inafanya kazi yake bila shahidi. Na kama una tangi la akiba la lita 500 juu ya nyumba, kwa lita 6 kila saa linaisha kwa siku tatu na nusu bila mtu hata mmoja kunawa mikono. Kisha asubuhi unatoka na kusema: "Hawa watu wamemaliza maji."

Kuna hasara nyingine ambayo haiandikwi kwenye faktire. Mji wetu hauna mifereji mikubwa ya maji machafu inayokusanya nyumba zote. Kila parseli ina shimo lake, na mashimo yetu yamechimbwa kwa shida ndani ya mawe ya lava. Lita 144 kwa siku ni zaidi ya lita 4,000 kwa mwezi, bidoni 216 za maji safi zinazoingia shimoni kulijaza bure. Shimo likifurika, unalipa kulitapisha, ama uchafu unapita kwenye njia ya watoto. Tena tunasema ni deplase. Kumbe ni mpira.

Sasa tuseme namna ya kuchagua mpira, maana wengi wananunua kisha wanarudi na lawama zilezile. Mtu anaenda kwenye maduka ya vifaa ya Birere mikono mitupu, anasema "nipe klape ya choo", anapewa ya kwanza iliyo karibu, na muuzaji anamhakikishia kwamba zote ni sawa. Bwana muuzaji, zote si sawa, na wewe unajua.

Kwanza hakikisha ni klape. Kama uliona maji yanashuka chini ya alama robine ikiwa imefungwa, na sakafu ni kavu, tatizo ni mpira wa chini. Kama hayashuki, lakini ukifungua robine yanazidi kupanda na kumwagikia ndani ya lile bomba lililosimama katikati ya tangi, basi ni boya na robine yake. Mpira mpya hautasaidia kitu. Kama maji yanatoka nje, kati ya tangi na bakuli, yanalowesha sakafu, huo ni mpira mwingine mnene unaokaa kati ya vitu hivyo viwili. Asiye na kalamu anaweza kumimina ndani ya tangi kikombe cha chai nyeusi nzito iliyopoa, ama buluu ya kufulia nguo. Rangi ikijitokeza kwenye bakuli baada ya nusu saa, na mtu hakuvuta, klape inavuja.

Pili, tazama una tangi la namna gani. Kama mkono wa kuvutia uko mbele ama kando ya tangi, ndani utakuta mnyororo mdogo unaonyanyua klape yenye bawaba. Kama unabonyeza kitufe juu ya kifuniko, mara nyingi hakuna mnyororo. Kuna mnara wa plastiki uliosimama katikati, na chini yake pete nyembamba ya mpira. Anayekuuzia klape ya mnyororo kwa tangi la kitufe anakuuzia takataka.

Tatu, pima. Klape za mnyororo zina ukubwa ambao mafundi wanauhesabu kwa inchi, na mbili ndizo zinaonekana sana: ya inchi 2, yaani karibu sentimita 5, na ya inchi 3, yaani karibu sentimita 8. Kinachopimwa ni tundu la chini ya tangi, si mpira wenyewe, kwa sababu mpira wa zamani umevimba ama umejikunja. Huna rula? Tundu la inchi 2 ni kama limau kubwa, la inchi 3 ni kama chungwa kubwa. Klape ya inchi 2 haizibi tundu la inchi 3 hata ukiombea. Na ile ya inchi 3 juu ya tundu dogo inakaa upande na kuvuja. Maandishi ya "inafaa vyoo vyote" kwenye karatasi ya nje hayabadilishi tundu lako.

Kwa pete ya tangi la kitufe, funga robine, toa maji, zungusha mnara kidogo kuelekea kushoto na uunyanyue. Minara mingi inatoka hivyo bila chombo. Toa pete kwa vidole. Mpya lazima ilingane nayo kwa upana wa nje, kwa tundu la ndani, na kwa unene. Ikizidi unene kidogo mnara haukai. Ikipungua maji yanapita. Kama leo huna pesa, osha pete ya zamani, igeuze, upande uliokuwa juu uwe chini, uirudishe. Mara nyingi inaziba kwa muda. Ni msaada wa siku, si dawa.

Nne, nenda dukani na mpira wa zamani mkononi. Hiyo ndiyo sheria inayozidi zote. Usiende na maneno, nenda na kitu chenyewe, hata kama kinanuka. Muuzaji akikataa kukilinganisha na kipya mbele yako, toka, ingia duka la pili.

Tano, kamata mpira mpya kabla ya kulipa. Ukunje taratibu: unapaswa kurudi ulivyokuwa bila kubaki na alama. Mpira mgumu kama plastiki ya ndoo hautalala vizuri juu ya tundu. Na ule wa zamani, ukiupangusa na vidole vinabaki vyeusi, umekwisha. Usibishane nao.

Kisha kuna mambo matatu ambayo yanaua hata mpira mzuri, na hapa nazungumza na mafundi na wasimamizi wa vyoo.

La kwanza ni uvivu wa kutosafisha mdomo wa tundu. Maji ya ziwa Kivu yana madini mengi, na yanaacha ukoko mweupe mahali yanapokaa. Ukiweka mpira mpya juu ya ukoko, maji yatapita siku hiyohiyo. Sugua kwa kitambaa na maji ya limau ama siki mpaka kidole kipite bila kukwaruza. Usitumie kisu. Mkwaruzo mmoja ni mfereji.

La pili ni mnyororo. Ukiwa mfupi unaning'iniza klape, haikai chini. Ukiwa mrefu unaingia chini ya mpira na kuuzuia kuziba. Uache ulegee karibu sentimita moja, basi. Na kama klape mpya ina pete ya kuvaa kwenye bomba la katikati, lakini bomba lako lina masikio mawili ya kando, kata pete hiyo utumie masikio. Kuacha vyote viwili ndiyo sababu klape nyingi mpya zinavuja siku ya kwanza.

La tatu ni klorini. Tangu kolera ilipozoeleka kwetu, watu wana vidonge na maji ya klorini nyumbani, na wengine wanavitupa ndani ya tangi wakidhani wanasafisha choo. Klorini ikikaa tangini inakula mpira, inaufanya ukakamae na kupasuka. Nia ni njema, matokeo ni kuvuja. Klorini iende kwenye bakuli, kwenye sakafu, kwenye kitasa cha mlango. Isiingie ndani ya tangi. Na wewe fundi unayeziba klape kwa gundi, kwa silikoni ama kwa kipande cha mfuko, unajua kwamba utaitwa tena wiki ijayo. Kama hiyo ndiyo biashara yako, usiseme deplase wameharibu kazi yako.

Nani alipe? Hapa ndipo ugomvi uko, na sitauzunguka. Klape ni sehemu ya nyumba, kama bati na kama bawaba ya mlango. Mpira unachoka kwa maji na kwa miaka, hata katika nyumba ya mtu mmoja. Kwa hiyo mwenye nyumba anunue. Kama mtu amevunja kwa mkono wake, huyo alipe, deplase ama si deplase. Lakini kuchangisha familia ambayo imeacha shamba, mbuzi na nyumba huko kijijini, eti ilipie mpira uliokuwa umechoka kabla haijafika, hiyo ni kuuza huruma.

Wengine wananijibu: choo hiki kilijengwa kwa watu watano, sasa ni ishirini na tano. Ni hoja ya kweli. Sphere yenyewe inasema choo kimoja kisizidi watu 20, na kwamba choo cha kuvuta kinaweza kula lita 20 mpaka 40 kwa mtu kwa siku, wakati cha kumimina kwa ndoo kinatosheka na lita 3 mpaka 5. Basi mahali ambapo watu ni wengi na robine ni kavu, suluhisho ni ndoo na kopo, robine ya tangi ikiwa imefungwa, na zamu ya usafi inayojulikana na wote. Hilo linaweza kupangwa kwa mkutano wa dakika kumi wa parseli. Kufuli haipunguzi haja ya mtu. Inaihamisha tu kutoka bakulini kwenda uani.

Wengine watasema: watu wanakufa kwa vita, na wewe unatuletea habari ya mpira wa choo? Ndiyo, naileta. Vita hatukuichagua, na hakuna kati yetu anayeweza kuizima kesho asubuhi. Lakini namna tunavyompokea aliyekimbia vita, hiyo iko mikononi mwetu. Mtu aliyetembea siku mbili na mtoto mgongoni hapaswi kuomba ruhusa ya kwenda haja, wala kuitwa mwizi wa maji kwa sababu ya kitu ambacho hata mwenye nyumba hakijui.

Na mashirika yanayojenga vyoo nayo yasijifiche. Mlango unapakwa rangi, bango linatundikwa, picha inapigwa. Mwaka unapita, mpira unachoka, na hakuna aliyebaki na wa akiba wala anayejua ukubwa wake. Kila choo cha maji kinachokabidhiwa kwa shule ama kituo cha afya kikabidhiwe na mipira miwili ya akiba ndani ya mfuko, na ukubwa wake uandikwe kwa rangi nyuma ya kifuniko cha tangi. Hilo halihitaji mradi mpya.

Kwenu familia zilizopokelewa, jueni kwamba mna haki ya kuomba jaribio la alama ya kalamu lifanywe mbele yenu kabla ya kulaumiwa. Ombeni kwa heshima, muiteni nyumbakumi ama shefu wa avenyu awe shahidi. Na nanyi wenye parseli, siku ya salongo ijayo, baada ya kufagia barabara, chukueni nusu saa kwa ajili ya tangi lenu. Mkikuta haivuji, basi mtakuwa na neno la kusema kwenye mkutano. Mkikuta inavuja, toeni mpira, uwekeni mfukoni, nendeni dukani.

Ila msitundike kufuli mlangoni kabla hamjafungua kifuniko cha tangi.